Jinsi ya Kupinga Kigezo cha Kazi au cha Kupandishwa Cheo kwa Njia ya Sheria: Mwongozo kwa Wafanyakazi wa Arusha na Moshi

Tangazo lilibandikwa Jumatatu asubuhi kwenye ubao ulio kando ya mlango wa chumba cha kufungashia maua, katika shamba moja upande wa Usa River. Walihitajika wasimamizi wawili wa zamu, na sifa ya tatu ilisema kwamba mwombaji awe hajakosekana kazini kwa zaidi ya siku 60 katika miezi 12 iliyopita. Wakati huo nilikuwa katibu wa tawi la chama cha wafanyakazi, na dada mmoja aliyekuwa na miaka tisa pale aliniita pembeni akaniuliza kama sifa ile inamgusa, kwa sababu alikuwa amerejea kutoka likizo ya uzazi miezi minne kabla ya hapo. Ilimgusa. Likizo ya uzazi yenye malipo kwa sheria yetu ni siku 84, na siku 100 kwa aliyejifungua mtoto zaidi ya mmoja kwa pamoja, kwa hiyo kila mwanamke aliyejifungua ndani ya mwaka ule na kuchukua likizo yake kamili alikuwa ameondolewa kabla hajaandika barua ya maombi. Neno ujauzito halikuwamo popote katika tangazo.

Mwongozo huu unahusu vigezo vya namna hiyo, yaani masharti ya kuajiriwa au kupandishwa cheo ambayo kwa macho yanaonekana ya kawaida, lakini ukiyafuata hadi mwisho unakuta yanawafungia mlango watu ambao sheria inawalinda. Nimewasaidia wafanyakazi wa mashamba, hoteli na kampuni za utalii kuyapinga, na nimeona wengi wakishindwa kwa sababu walianza vibaya, ingawa haki ilikuwa upande wao.

Kwanza, jua unachopinga

Sheria inayotawala jambo hili Tanzania Bara ni Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini, Namba 6 ya mwaka 2004, na kifungu unachopaswa kukisoma mara mbili au tatu kabla ya kufanya lolote ni cha 7. Kinamkataza mwajiri kumbagua mfanyakazi, moja kwa moja au kwa njia isiyo ya moja kwa moja, katika sera au utaratibu wowote wa ajira, kwa misingi iliyotajwa: rangi, utaifa, kabila au mahali mtu anapotoka, mbari, asili ya kitaifa, asili ya kijamii, maoni ya kisiasa au dini, jinsi, jinsia, ujauzito, hali ya ndoa au majukumu ya kifamilia, ulemavu, virusi vya UKIMWI au UKIMWI, umri, na hali ya maisha. Sera na taratibu zinazohusika zimeelezwa kwa upana. Zinaanzia kwenye matangazo ya kazi na vigezo vya uteuzi, zinapita kwenye upangaji wa madaraja, mafunzo na tathmini ya utendaji, na zinafika hadi kupandishwa cheo, kuhamishwa na kuteremshwa.

Mambo mawili katika kifungu hicho huwashangaza watu wengi. La kwanza ni kwamba kwa madhumuni ya kifungu hicho mfanyakazi ni pamoja na mwombaji wa kazi, kwa hiyo kijana aliyezuiwa mlangoni na tangazo la hoteli ana haki ya kulalamika ingawa hajawahi kusaini mkataba na hoteli hiyo. La pili ni kuhusu nani anapaswa kuthibitisha nini. Mlalamikaji akishaonyesha hali inayoashiria kuwa ubaguzi ulitokea kwa mojawapo ya misingi ile, ni mwajiri anayetakiwa kuthibitisha ama kwamba ubaguzi huo haukutokea, ama kwamba haukutokana na misingi hiyo, ama kwamba ana utetezi unaokubalika na sheria. Hutakiwi kuingia kichwani mwa meneja na kuonyesha nia yake.

Hata hivyo, niseme wazi jambo ambalo huwaumiza wengi wanaokuja kuomba msaada: si kila kigezo kibaya ni kigezo haramu. Meneja akimpandisha cheo rafiki yake wa kucheza naye bao, hilo ni kosa la kiuongozi, na huenda linakiuka sera ya kampuni au mkataba wa hali bora, yaani makubaliano ya pamoja kati ya chama chenu na mwajiri, lakini kifungu cha 7 hakiligusi mpaka uonyeshe uhusiano na mojawapo ya misingi iliyotajwa. Kiwango cha elimu peke yake hakimo katika orodha ile. Ukitaka kupinga sharti la elimu kwa kifungu hicho, lazima uonyeshe kwamba linawaangukia zaidi watu wa kundi linalolindwa, kwa mfano wanawake, au wenye umri mkubwa walioingia kazini wakati sharti hilo halikuwapo.

Pili, kipime kigezo kwa kazi yenyewe

Utetezi mkubwa wa mwajiri ni kwamba kigezo ni hitaji la msingi la kazi husika. Sheria inaukubali utetezi huo, na ni sawa iukubali: dereva lazima awe na leseni, na anayepekua wageni wa kike langoni anapaswa kuwa mwanamke. Vilevile si ubaguzi mwajiri akichukua hatua za makusudi za kuinua usawa, au akiwapa raia kipaumbele kama sheria ya kukuza ajira inavyoelekeza. Kwa watu wenye ulemavu sheria ya mwaka 2010 inaenda mbali zaidi, kwa kumtaka mwajiri mwenye wafanyakazi 20 au zaidi ahakikishe asilimia 3 yao ni watu wenye ulemavu.

Kwa hiyo swali la kujiuliza ni hili: je, kazi hii inaweza kufanywa vizuri na mtu asiye na sifa hii? Chukua mfano wa waongoza wageni wa Mlima Kilimanjaro. Kampuni inayosema kiongozi wa msafara asizidi umri wa miaka 45 inaweza kujitetea kwamba kilele kiko mita 5,895 juu ya usawa wa bahari na kwamba mwili unachoka kadiri miaka inavyoongezeka. Lakini kinachohitajika mlimani ni afya na uzoefu, na vyote viwili vinaweza kupimwa kwa kila mtu bila kuangalia mwaka aliozaliwa. Wapo wazee wa Marangu waliowapandisha wageni kileleni mara nyingi kuliko vijana wote wa ofisini wakijumlishwa pamoja. Kipimo cha afya kinachomhusu kila mmoja ni hitaji la kazi, ilhali ukomo wa umri ni njia ya mkato, na mwajiri anayeitumia ndiye anayebeba mzigo wa kuieleza.

Lugha ni mfano mwingine unaojirudia sana huku kwetu. Anayewaongoza wageni wa Kifaransa lazima ajue Kifaransa, na hakuna wa kubishana na hilo. Lakini nimeona sharti la Kiingereza fasaha likiwekwa kwa nafasi ya msimamizi wa bustani, ambaye kutwa nzima huzungumza na wenzake Kiswahili, na ambaye ripoti zake zote huandikwa kwa Kiswahili. Hapo inafaa kuuliza sharti limetoka wapi, kisha kuhesabu limewaondoa akina nani.

Wazo la kukipima kigezo kwa matokeo yake badala ya maneno yake lilipata nguvu katika kesi ya Marekani ambayo wanasheria huitaja mara kwa mara, ya Willie Griggs na wenzake dhidi ya kampuni ya umeme ya Duke Power, katika kituo cha Dan River, jimbo la North Carolina. Kabla ya mwaka 1965 wafanyakazi weusi pale waliwekwa katika idara moja tu, ile ya vibarua, na mwenye mshahara wa juu kabisa katika idara hiyo alilipwa chini ya mwenye mshahara wa chini kabisa katika idara nyingine. Sheria ya kukataza ubaguzi ilipoanza kutumika tarehe 2 Julai 1965, kampuni iliongeza mitihani ya akili juu ya sharti la cheti cha sekondari lililokuwapo tayari. Lakini wazungu walioingia kabla ya sharti la cheti walikuwa wakiendelea kufanya kazi zao vizuri na kupanda vyeo bila cheti hicho. Mwaka 1971 Mahakama ya Juu ya nchi hiyo iliamua kwamba nia njema haitoshi, na kwamba sharti linalowafungia watu nje lazima lihusiane na uwezo wa kuifanya kazi. Uamuzi huo haufungi mahakama zetu, lakini una mbinu ya kuiga: watafute waliomo kazini tayari bila sifa hiyo, uangalie kama wanaifanya kazi. Pale Usa River tulifanya hivyo hivyo, tukakuta wasimamizi wawili wa zamani ambao kila mmoja aliwahi kukosekana kazini zaidi ya siku 60 kwa ugonjwa na bado akapandishwa.

Tatu, kusanya ushahidi kabla hujapandisha sauti

Tangazo hubanduliwa. Lipige picha siku hiyo hiyo, picha nzima na si aya moja, ili ionekane na tarehe, saini na ubao wenyewe. Kama limekuja kwa kundi la WhatsApp la idara, hifadhi ujumbe ukiwa na jina la aliyetuma na saa. Kisha tafuta nakala ya sera ya kampuni ya kupandisha vyeo, mkataba wa hali bora kama upo, na fomu zako za tathmini za miaka iliyopita. Usichukue nyaraka za siri za ofisi au majalada ya watu wengine, kwa maana unaweza kujikuta unajibu shtaka la nidhamu badala ya kudai haki yako.

Baada ya hapo andaa hesabu, na hapa naomba uwe na subira kwa sababu ndipo malalamiko mengi yanapopata uzito au kuyeyuka. Chukua daftari, chora safu. Tuseme idara ina watu 40, wanawake 28 na wanaume 12, wote wenye uzoefu unaotakiwa. Andika ni wanawake wangapi na wanaume wangapi walioondolewa na sharti lile moja tu, ukiyaweka kando masharti mengine. Kama limewaondoa wanawake sita waliokuwa likizo ya uzazi na halijamwondoa mwanamume hata mmoja, umeshapata hali ambayo mwajiri anapaswa kuijibu. Majina yawepo, na kila jina liwe na mtu aliye tayari kuthibitisha, kwa kuwa jedwali lisilo na mashahidi halisimami mbele ya mwamuzi.

Nne, andika barua ya kuomba sababu

Barua iwe fupi. Taja nafasi, tarehe ya tangazo, sifa unayoilalamikia, na uombe mambo mawili: uelezwe uhusiano wa sifa hiyo na majukumu ya kazi, na maombi yako yapokelewe na kushindanishwa na mengine. Epuka matusi na makisio kuhusu nia ya mtu. Mpe afisa utumishi nakala mbili, moja ibaki kwake na nyingine igongwe mhuri wa kupokelewa au isainiwe katika daftari la kukabidhi barua, kisha uende nayo nyumbani. Barua isiyo na mhuri wala saini ni rahisi kukanwa baadaye.

Tano, hesabu siku zako

Hili ndilo jambo linaloniuma zaidi, kwa hiyo nitalisema kwa urefu. Kwa kanuni za usuluhishi na uamuzi za mwaka 2007, mgogoro wa kuachishwa kazi hupelekwa Tume ya Usuluhishi na Uamuzi, ile inayojulikana zaidi kama CMA, ndani ya siku 30, na migogoro mingine yote ndani ya siku 60 tangu mgogoro ulipotokea. Kigezo cha ajira au cheo, pasipo kuachishwa kazi, kiko katika kundi la siku 60. Ukipokea barua ya kukataliwa tarehe 3 Machi, siku yako ya 60 ni tarehe 2 Mei.

Mwenzetu mmoja, mhudumu wa hoteli, alikaa miezi mitatu akisubiri kikao alichoahidiwa kwa mdomo na bosi wake. Kila wiki aliambiwa meneja mkuu amesafiri. Alipokuja kwangu siku zilikuwa zimekwisha, na kosa lilikuwa langu pia, kwa sababu tulikutana mara mbili ndani ya muda huo na sikumuuliza tarehe. Ilibidi tuombe kuongezewa muda, kwa fomu maalumu na hati ya kiapo inayoeleza kila siku ya kuchelewa, na ombi likakataliwa kwa kuwa mazungumzo ya mdomo hayakutosha kuwa sababu. Mazungumzo ya ndani ni mema na yaendelee, lakini yasikufanye uiache kalenda. Hesabu kuanzia tarehe ya mapema zaidi ambayo mwajiri anaweza kuitaja, na uweke fomu yako mezani kabla ya mazungumzo kwisha.

Sita, kufungua mgogoro Tume

Tume ina ofisi Arusha na Moshi, na mgogoro hufunguliwa mahali ulipotokea. Unajaza Fomu Namba 1, unaonyesha kwamba aina ya mgogoro ni ubaguzi, na unaeleza kwa sentensi chache kilichotokea, tarehe yake na unachoomba. Ile sehemu ya pili inayohusu kuachishwa kazi usiijaze kama bado upo kazini. Nimeona watu wakiijaza kwa hofu ya kuacha nafasi tupu, na madai yao yakavurugika. Saini, mpe mwajiri nakala, na ubaki na uthibitisho kwamba ameipokea, kwa sababu Tume haitaendelea mpaka iridhike kuwa upande wa pili una taarifa.

Katika sehemu ya unachoomba, uwe mwangalifu. Kupanda cheo kwa kawaida si haki ya moja kwa moja ya mfanyakazi, na mwamuzi atasita kukaa kwenye kiti cha meneja na kumteua msimamizi. Omba yale yanayoshikika: sharti liondolewe, mchakato urudiwe kwa vigezo vinavyohusiana na kazi, na ulipwe fidia kwa hasara unayoweza kuionyesha, kwa mfano tofauti ya mshahara katika kipindi ambacho nafasi ilijazwa kwa njia isiyo halali.

Shauri huanzia kwa msuluhishi, ambaye ana siku 30 za kujaribu kuwapatanisha, isipokuwa wahusika wakubaliane kuongeza. Unaweza kwenda na kiongozi wa chama chako, wakili, au mwakilishi mwingine unayemchagua. Usikose kikao, kwa maana mlalamikaji asipotokea shauri linaweza kufutwa, na mwajiri asipotokea msuluhishi anaweza kuliamua. Usuluhishi ukishindikana, shauri huenda kwa mwamuzi wa Tume au Mahakama Kuu Divisheni ya Kazi, kwa kadiri ya aina yake na thamani ya madai. Tuzo ya mwamuzi, yaani uamuzi wake, ikiwa na kasoro inaweza kuombewa marejeo (kupitiwa upya) Mahakama Kuu ndani ya wiki sita tangu uipokee. Gharama za shauri hazimwangukii aliyeshindwa kwa nia njema. Huamriwa pale tu madai yanapokuwa ya upuuzi au ya kusumbua.

Watumishi wa umma wana njia nyingine. Tangu marekebisho ya mwaka 2016, Sheria ya Utumishi wa Umma inawataka wamalize kwanza njia zilizomo ndani ya sheria hiyo, ikiwemo Tume ya Utumishi wa Umma, kabla ya kutumia sheria za kazi. Mwalimu au muuguzi wa serikali anayekimbilia CMA moja kwa moja kwa suala la kupandishwa daraja atarudishwa, na siku zake za rufaa zitakuwa zinapita.

Wapo pia wanaouliza kuhusu Mahakama ya Afrika ya Haki za Binadamu na Watu, kwa kuwa iko hapa hapa Arusha. Mahakama hiyo hushughulikia mataifa, haishughulikii waajiri binafsi, na tangu Novemba 2020 kujitoa kwa Tanzania katika tamko lililowaruhusu watu binafsi kuishtaki kumeanza kutumika. Nauli yako iitumie kwenda Tume.

Ukiogopa kufukuzwa, ujue kwamba kutumia haki uliyopewa na sheria si sababu halali ya kumwachisha mtu kazi. Ila kinga dhidi ya kuachishwa isivyo halali haimhusu aliyefanya kazi chini ya miezi sita, kwa hiyo mgeni kazini ajipange vizuri zaidi na apate ushauri mapema. Kwa msaada nenda kwenye tawi la chama chako, CHODAWU kwa watu wa hoteli na hifadhi, TPAWU kwa mashambani, TUICO kwa viwanda na biashara, au kwa wasaidizi wa kisheria waliosajiliwa chini ya Sheria ya Msaada wa Kisheria ya mwaka 2017. Wanawake wa Moshi wamekuwa wakisaidiwa pia na shirika la KWIECO.

Mkifikia makubaliano mbele ya msuluhishi, yasome neno kwa neno kabla ya kusaini. Yawe na tarehe ya utekelezaji, yamtaje anayewajibika, na yaseme mchakato utarudiwa kwa vigezo vipi. Ahadi kwamba "suala litaangaliwa" haina cha kutekelezwa. Makubaliano ya Usa River yalikuwa na aya nne. Ya kwanza ilifuta sifa ya tatu, ya pili ilitoa siku 21 za kutangaza upya, ya tatu iliweka mwakilishi wa wafanyakazi kwenye usaili kama mtazamaji, na ya nne ilisema likizo ya uzazi haitahesabiwa kuwa utoro katika tathmini yoyote. Walioomba walikuwa kumi na mmoja. Dada aliyelalamika hakupata nafasi. Alishindwa kwa alama mbili na mwenzake wa meza ya pili, ambaye naye alikuwa na mtoto wa miezi saba.